Vitabu Vyembamba vya Mzee Otmari

Jana asubuhi nilipokea ujumbe kwenye simu: "Shikamoo bibi. Nisome nini?" Basi. Hakuna jina, hakuna anakotoka, hakuna alichosoma mwisho. Nikamjibu: "Marahaba. Sijui." Akanitumia kile kisura kinachotoa machozi. Nikajisikia vibaya kidogo. Si sana.

Wajukuu zangu, niseme ukweli, mnanichosha. Nimekaa nyuma ya meza ya maktaba pale Mbinga mjini miaka thelathini na miwili, na sehemu kubwa ya kazi hiyo haikuwa kupanga vitabu wala kufuta vumbi. Ilikuwa kumtazama mtu usoni na kumchagulia riwaya au hadithi atakazozisoma mpaka mwisho. Sasa nimestaafu, nipo kijijini Ruanda, huku huku Mbinga, na kahawa yangu na maharage yangu, lakini simu haijastaafu. Mmefungua makundi ya wasomaji, mnatumiana picha za majalada na alama za moto. "Kitabu hiki ni moto!" Kesho yake mtu ananipigia kulalamika kwamba amesoma kurasa hamsini na bado anasikia baridi.

Kwa hiyo naandika mara moja, atakayetaka asome. Nitawaeleza pia namna nilivyomkosea Mzee Otmari wa Kihagara, msomaji wangu bora na msumbufu kuliko wote, wakati ambao hakuwa na siku za kupoteza kwa kitabu kisichomfaa. Lakini kwanza nimalize hasira zangu.

Hasira ya kwanza ni swali hili: kinafundisha nini?

Mwalimu mmoja kijana, alikuwa anafundisha shule ya kijiji cha Kingerikiti, alikuja siku moja anatafuta kitabu cha likizo. Nikampa riwaya nzuri. Akaishika kama mtu anayeshika samaki ambaye hajui kama ana miiba.

"Mama, hiki kinafundisha nini?"

"Kinahusu mwanamke anayerudi kijijini kwao, anakuta nyumba yake wameifanya ghala la mahindi."

"Sawa. Lakini funzo lake?"

"Soma."

"Na nikisoma nikakosa funzo?"

"Utakuwa umekosa funzo, umepata kitabu."

Alifikiri kidogo, akakirudisha mezani, akaazima kitabu cha ufugaji wa kuku.

Simlaumu. Shuleni tumewafundisha kwamba riwaya ni kitu cha kukamuliwa: kamua dhamira, kamua ujumbe, kamua falsafa, kisha tupa makapi. Mtihani ukiisha, mtu anabaki na tabia ya kukamua. Lakini ninyi mmeshatoka kwenye chumba cha mtihani. Ukienda msibani, ukakaa na watu, ukasikia namna marehemu alivyoishi, na aligombana na nani, na alimpenda nani, huinuki ukauliza msiba huu umefundisha nini. Unarudi nyumbani ukiwa umemjua mtu. Hadithi ni hivyo hivyo. Funzo likija, lije lenyewe, kwa muda wake, pengine baada ya miaka mitano ukiwa unapalilia.

Aliyenifundisha kazi hii alikuwa Bi Mwanaidi, mwanamke wa Tanga aliyehamishiwa kwetu akiwa kijana na kuvaa masweta mawili mpaka siku ya kustaafu. Baridi ya Mbinga hakuisamehe kamwe. Wiki yangu ya kwanza alinikuta namuuliza msomaji, "Unapenda vitabu vya namna gani?" Alisubiri yule mtu aondoke.

"Mwanangu," akasema, "we wamuuliza mtu apenda nini? Watu huongopa. Kila mtu atakwambia apenda vitabu vya maana. Muulize kitabu gani kilimuudhi."

Nikajaribu. Akaja karani mmoja wa ofisi ya kilimo. Nikamuuliza kitabu cha mwisho kilichomuudhi. Uso wake ukafunguka! Aliongea robo saa nzima: riwaya ambamo kila mtu analia, mvua inanyesha, wanalia tena, barua inafika, wanalia. "Dada, ukurasa wa mia mbili nilitaka kuwapelekea leso." Kumbe alihitaji mtu anayeandika kwa kejeli ya chini chini, anayecheka bila kuonyesha meno. Nikampa mkusanyiko wa hadithi fupi za namna hiyo. Alirudi baada ya siku tatu kuuliza kama yule mwandishi ana ndugu yake naye anaandika.

Bi Mwanaidi alinipa mambo mengine mawili. Kitabu usichokijua, soma kurasa kumi za mwanzo, halafu fungua katikati popote usome mbili. Mwanzoni mwandishi anajua anatazamwa, kwa hiyo amevaa vizuri. Mfumanie katikati. La pili: "Hujakisoma, sema hujakisoma. Hutakufa." Hili la pili mlishike, maana mimi nililiacha lidondoke, na mtaona lilikodondokea.

Hasira ya pili ni juu ya hadithi fupi. Watu wanadhani neno "fupi" maana yake ni ndogo, ya watoto, ya mtu asiye na nguvu za kusoma riwaya. Au wanazisoma kama riwaya. Huku Ruanda kuna jirani yangu, Bwana Benwaldi, mkulima hodari wa kahawa. Nilimwazima mkusanyiko mmoja nikasahau kumweleza. Baada ya wiki alikuja amekunja uso.

"Dada, yule mwanamke amekwenda wapi?"

"Mwanamke gani?"

"Sura ya kwanza kuna mwanamke amekwenda kisimani. Sura ya pili hayupo. Kuna dereva wa lori. Sura ya tatu dereva hayupo, kuna padre. Mimi nimemfuata huyu mwanamke mpaka ukurasa wa mwisho, hajarudi na ndoo."

"Bwana Benwaldi, hizo si sura. Ni hadithi kumi na moja, kila moja na watu wake."

"Nani kasema?"

"Imeandikwa jaladani."

"Mimi nilisoma ndani!" Akakaa kwenye benchi kwa uchungu. "Na mke wangu nimeshamweleza kwamba dereva ndiye aliyemchukua, na padre ndiye aliyewafungisha ndoa."

Nilitaka kucheka na nilitaka kulia. Nikamwonyesha shamba lake mwenyewe ng'ambo ya bonde, mashimo ya ngoro yamejipanga kwenye mteremko. "Kila shimo linashika maji yake," nikamwambia, "mvua ya shimo hili haiendi kwenye lile. Lakini ukisimama hapa, unaona shamba moja. Mkusanyiko wa hadithi fupi ni hilo shamba. Riwaya ni mfereji: maji yanaingia juu na unayafuata mpaka chini." Akatazama shamba lake muda mrefu. Akasema atasoma upya, ila mke wake hatamwambia, kwa sababu ile ndoa ilimpendeza sana.

Kwa hiyo unapompa mtu kitabu, mwambie ni mfereji au ni ngoro. Ni sentensi moja tu. Na uangalie majira. Milimani huku, msimu wa kuchuma kahawa, mtu anarudi mikono imechoka, anaweza kusoma kurasa nane kabla ya macho kufumba: mpe hadithi fupi. Masika, njia zinateleza na hakuna pa kwenda: mpe riwaya. Vitabu vilivyorudi kutoka milimani nilivijua kwa alama za vidole vya udongo mwekundu, na vilivyotoka ziwani nilivijua kwa harufu ya usipa, wale dagaa wetu wa Nyasa. Nilijivunia sana kwamba naweza kumpima mtu na kumpatia. Hapo ndipo nilipopotelea.

Mzee Otmari alikuwa fundi wa mashine za kusaga nafaka kule Kihagara, kando ya ziwa. Usomaji ulimwingia kwa kusubiri: mashine ikipoa, anasoma, vipuri vikichelewa, anasoma. Gari letu la maktaba lilikuwa linashuka ziwani na sanduku la vitabu, na hakuna aliyelichimbua sanduku lile kama yeye. Kila kitabu alichorudisha kilikuwa na vikaratasi ndani, alivyovikata kutoka kalenda za zamani, vimejaa malalamiko kwa penseli. "Uk. 41: huyu ng'ombe alishauzwa uk. 30." "Uk. 118: hakuna mashine ya kusaga inayolia hivi." Mke wake, Mama Kuniberta, hakugusa kitabu. Alisema nyumba moja haihitaji vichaa wawili.

Mwaka wangu wa mwisho kazini Mzee Otmari aliugua. Alipelekwa hospitali ya mbali, akarudishwa na bahasha ya makaratasi na maneno kwamba akapumzike nyumbani. Watu wazima tunajua maana ya maneno hayo.

Nikakaa mbele ya rafu na kufikiri kwa moyo wote. Miezi miwili nyuma alikuwa ameomba riwaya moja nene, ya kurasa mia sita, inayohusu ukoo mmoja na barabara inayojengwa kupita kwenye ardhi yao. Nikaiacha pale ilipo. Nilisema moyoni, mzee huyu asianze jambo asiloweza kulimaliza. Nikachagua mikusanyiko mitatu ya hadithi fupi, yote myembamba, mizuri. Na kwenye ile karatasi ya mwanzo wa kitabu, tunapogonga tarehe ya kurudisha, sikugonga kitu. Niliona ni huruma. Nikapanda gari siku ya sanduku nikashuka nayo mwenyewe.

Kihagara kulikuwa na joto lake, usipa umeanikwa kwenye vichanja, watoto wanafukuza kunguru. Mama Kuniberta alinipokea mlangoni.

"Karibu dada. Yupo barazani. Leo ana maneno, usiogope."

Alikuwa amekonda, macho yamebaki yale yale.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba. Umeleta nini?"

Nikampa. Akavipima kwa mkono, kimoja kimoja, kama anapima bolti.

"Vyembamba."

"Ni hadithi fupi, mzee, nzuri sana. Unasoma moja, unapumzika."

"Nipumzike na nini? Nalala kutwa nzima." Akafungua jalada la kwanza, akatazama ile karatasi. Akafungua la pili, la tatu. "Hakuna muhuri."

"Niliona nisikusumbue na tarehe. Kaa navyo tu mpaka utakapo..."

 

"Mpaka nitakapo nini?" akauliza Mzee Otmari. "Maliza sentensi, dada. Wewe ni mtu wa vitabu."

Nikatazama chini.

"Daktari amenipimia," akasema. "Padre amenipaka mafuta. Watoto wamekuja wote kwa mpigo, hata yule wa Mwanza ambaye Krismasi haji. Wote wameshanipimia siku zangu, naziona machoni mwao. Nikasema, yupo mmoja tu hatanipimia, yule wa vitabu. Na wewe umekuja na vyembamba!"

"Mume wangu, mgeni hajanywa hata maji," akasema Mama Kuniberta.

"Atakunywa. Mimi niliomba kitabu gani?"

"Kile kinene," nikasema.

"Kiko wapi?"

"Kiko Mbinga."

"Kwa nini kiko Mbinga na mimi niko Kihagara?"

Akanisogezea vile vitatu. "Umekisoma hicho kinene?"

Hapa, wajukuu zangu, ndipo Bi Mwanaidi angevua masweta yote mawili kwa hasira. Nilikuwa nimeshakosea, nilitaka kusimama vizuri mbele yake. Nikasema, "Nimekisoma."

"Kikoje?"

"Kizuri. Yule shemeji hasa, mtu mwema sana." Maneno hayo nilikuwa nimeyatoa nyuma ya jalada.

"Kilete. Na ugonge muhuri. Wiki mbili, kama wengine."

Nilipanda mlima na vile vyembamba vitatu mapajani. Alhamisi iliyofuata kile kinene kilishuka, muhuri umegongwa vizuri, wino haujakauka.

Wiki mbili zikaisha. Utaratibu wetu ulikuwa kwamba ukitaka kuongezewa muda, kitabu kiletwe mezani. Nikampigia Mama Kuniberta simu kumwambia wasihangaike, nitamwongezea mwenyewe. Kabla hajajibu nilisikia sauti nyuma yake: "Mwambie utaratibu ni kitabu kiwepo mezani!" Basi kitabu kikawa kinapanda na gari Jumatatu, kinagongwa, kinashuka Alhamisi. Dereva wetu, Hashimu, alikifunga kwenye mfuko wa nailoni na kukiweka kiti cha mbele.

"Mama, hiki kitabu kinasafiri kuliko mbunge," aliniambia.

Kilipopanda mara ya kwanza kilikuwa na kikaratasi. "Uk. 90: shemeji ni mwizi. Hujakisoma kitabu hiki."

Nilisoma maneno yale mara tatu nikiwa nimesimama. Niliwahi kukemewa na wakubwa wa kazi, sikuwahi kuona aibu kama ile. Maana nilikuwa nimemdanganya mtu kuhusu kitu pekee alichokuwa ananitegemea. Nikaandika chini yake: "Ni kweli. Naanza leo." Nikafungua kitabu pale pale mezani, mchana, wateja wananitazama. Kilipopanda mara ya pili kilikuwa na jibu: "Anza, lakini usinipite."

Sikumpita. Siku zile mbili ambazo kitabu kilikuwa kwangu, nilisoma mpaka kwenye alama yake nikasimama, hata palipokuwa patamu. Mara moja alisimama katikati ya mazishi ya baba wa ukoo, na barabara imeshafika uani, na mimi nikakaa na jeneza hilo wiki mbili nzima bila kujua wamezika wapi. Nilimwandikia: "Mzee, huu ni ukatili." Akajibu: "Sasa unasoma."

Kiliongezewa muda mara tano. Watoto walirudi makwao mmoja mmoja, likizo ziliisha. Yule wa Mwanza aliondoka wa mwisho. Maandishi kwenye vikaratasi yalikuwa yanapungua na kupinda, lakini malalamiko yalibaki na afya njema. Mara ya sita kitabu kilipanda na kikaratasi kwenye ukurasa wa mwisho kabisa: "Mwisho ameharakisha. Kama mtu anayefungia kuku bandani mchana. Sasa nipe kimoja cha vile vyembamba. Ulichokisoma."

Safari hii sikuchagua kwa kumpima. Nilichukua ninachokipenda mimi, nilichokisoma mara mbili, chenye hadithi tisa. Nikagonga.

Alifariki siku ya tano baada ya hapo. Nilishuka kuzika. Hakuna aliyetaja kitabu, na mimi sikuuliza. Kuna vitu ambavyo maktaba inaweza kuvifuta kwenye daftari bila kuleta maneno, na nilishaamua kukifuta kile.

Siku ya tarehe iliyogongwa, saa nne asubuhi, Mama Kuniberta aliingia maktaba akiwa na kitambaa cheusi kichwani na ule mfuko wa nailoni mkononi. Tulisalimiana, tukapeana pole. Kisha akaweka kitabu mezani.

"Tarehe ni leo," akasema.

Nikakifungua. Alama yake, kipande cha kalenda, ilikuwa kwenye ukurasa mtupu, ule unaoachwa kati ya hadithi ya nne na ya tano.

"Ya nne aliimaliza," akasema Mama Kuniberta. "Ndiyo ya yule kinyozi. Alicheka mpaka nikamwinua nimpe maji. Akasema, ya tano kesho."

Nikaweka kidole changu kwenye ukurasa ule. Kila nilichokuwa nimekiogopa siku ile mbele ya rafu, kwamba ataachwa katikati, hakikuwepo. Wala kwenye kile kinene hakikuwepo. Nikavuta daftari nimwandikie kwamba kimerudi.

"Unaandika nini?" akauliza.

"Naandika umerudisha."

"Nani kasema narudisha? Nimekileta kiwepo mezani, si ndio utaratibu?" Akakivuta upande wake kidogo. "Hiyo ya tano nimeianza kwenye gari."

Nikamtazama. Miaka yote ile, kichaa mmoja tu ndani ya nyumba.

"Ikoje?" nikamuuliza, ingawa naijua kwa moyo.

"Bado. Wewe niongezee."

Nikavuta muhuri, nikarekebisha tarehe, nikagonga. Wiki mbili, kama wengine.